Maswali ya Wasomaji: Katatonia, mngurumo uliokatika na mambo mengine

Mwezi huu mfuko wa barua umejaa bendi moja, Katatonia ya Stockholm. Barua zilizouliza jambo lilelile tumezijibu pamoja, na zile za wapigaji wenye gitaa mkononi tumezipa nafasi kubwa zaidi kwa sababu zinahitaji vipimo.

SWALI: Ndugu Mhariri, mimi na kaka yangu hatuelewani. Yeye anayo albamu yao ya 1993 na anasema Katatonia ni deth metali, tena nzito. Mimi niliwajua kwa albamu ya 2012 na sijasikia mngurumo hata mmoja. Kwangu ni gothiki ya kutuliza roho. Nani mkweli? (Msomaji, Dodoma)

JIBU: Kila mmoja wenu ni mkweli kwa albamu aliyoishika. Katatonia ilianzishwa Stockholm mwaka 1991 na watu wawili tu: Jonas Renkse, aliyepiga dramu na kuimba, na Anders Nyström, mpiga gitaa. Jiji lilikuwa limejaa deth metali ya kasi, yaani metali ya gitaa nzito na uimbaji wa kunguruma. Bendi ya Entombed walikuwa wametoa albamu ya Left Hand Path mwaka 1990, wenzao Dismember wakafuata 1991. Hawa wawili masikio yao yalikuwa Uingereza, kwa bendi ya Paradise Lost, ambao mwaka huohuo wa 1991 walitoa albamu inayoitwa Gothic: mngurumo wa deth metali juu ya mwendo wa polepole, na nyuma yake sauti ya kike na vinanda. Jina la mtindo mzima limetoka humo.

Mwaka 1992 Katatonia wakarekodi demo yao (rekodi ya majaribio), Jhva Elohim Meth, kwa Dan Swanö, mwanamuziki mwenye studio. Kisha akaja Guillaume Le Huche kwenye besi, na mwaka 1993 ikatoka Dance of December Souls, iliyorekodiwa studio ya Swanö iitwayo Unisound, mjini Finspång, na kutolewa na lebo ya No Fashion. Swanö mwenyewe alipiga kinanda. Hiyo ndiyo ya kaka yako. Msikilize vizuri Renkse humo: hangurumi kama waimbaji wengine wa deth metali, anapiga yowe la mtu aliyefiwa.

Kuna jaribio dogo linalomaliza ubishi. Katika kila wimbo jiulize: nani amebeba melodia? Ukiweza kuupiga wimbo mluzi kwa kufuata gitaa peke yake, huku mwimbaji akiwa kama chombo kingine cha kelele, uko upande wa kaka yako. Ukilazimika kumfuata mwimbaji ili uutambue wimbo, uko upande wako. Historia yote ya Katatonia ni melodia kuhama kutoka kwenye gitaa kwenda kwenye koo, na ilihama kwa sababu ya maradhi, kama jibu linalofuata linavyoonyesha.

SWALI: Wakuu, niaje. Naimba kwenye bendi ya deth metali hapa mtaani. Nimesoma kwamba mwimbaji wa Katatonia alipoteza mngurumo. Ni kweli? Na kama ni kweli, ile albamu ya 1996 aliimba nani? Nauliza kwa sababu baada ya mazoezi ya saa mbili mimi hubaki siku mbili bila sauti. (Msomaji, Nairobi)

JIBU: Ni kweli. Tuanze na historia, halafu turudi kwenye koo lako, maana dalili unazozitaja si za kuchezea.

Mwaka 1994 bendi ilisimama. Nyström alikuwa na mradi wake wa Diabolical Masquerade, na Renkse akaanzisha October Tide pamoja na mpiga gitaa Fredrik Norrman. Walipokusanyika tena mwaka 1996, safari hii Norrman akiwa ndani, nyimbo zilikuwa tayari lakini koo la Renkse halikuwa tayari. Kunguruma kulikuwa kunamuumiza. Wakamwita rafiki yao Mikael Åkerfeldt, mwimbaji wa bendi ya Opeth. Mngurumo wote unaousikia kwenye Brave Murder Day, ile albamu ya 1996, ni wa Åkerfeldt. Renkse yuko nyuma ya dramu. Isipokuwa wimbo mmoja, wa tatu, uitwao Day. Huo Renkse anauimba kwa sauti ya wazi, nyembamba, karibu ya kunong'ona, na ndio mlango ambao bendi yote ilipitia baadaye. Walikuwa wamekwisha kuugonga mara moja: mwaka 1994 walirekodi Scarlet Heavens, wimbo mrefu wa gothiki usio na mngurumo, uliotoka baadaye kwenye sahani waliyoshirikiana na bendi ya Primordial.

Åkerfeldt alikuwa na bendi yake ya kulea, hangeweza kuazimwa milele. Kwa hiyo mwaka 1998, kwenye Discouraged Ones, Renkse akaimba albamu nzima kwa sauti ya wazi. Hakuwa fundi wa kuimba, na inasikika: noti zinakaa karibu karibu, hapandi juu, hapambi. Åkerfeldt alikaa naye studio kumsimamia sauti. Wapo wanaomwona baridi mno kwenye albamu hiyo. Sisi tunaona ndipo bendi ilipopata sura ambayo hakuna mwingine aliyekuwa nayo, kwa sababu mwimbaji mwenye uwezo mkubwa angezijaza zile nafasi tupu na kuziharibu.

Sasa koo lako. Kwenye zoloto, kile kisanduku cha sauti kooni, kuna nyuzi za sauti, zile za kusemea, na juu yake kidogo kuna mikunjo mingine ya nyama ambayo kwa kawaida haifanyi kazi ya kusema. Mngurumo salama hutikisa ile mikunjo ya juu huku nyuzi za chini zikiwa hazikukazwa. Mngurumo unaoharibu ni kupiga kelele kwa nyuzi za sauti zenyewe, kisha kuzikwaruza kwa nguvu. Utautambua kwa mambo matatu: unawasha, unakukohoza, na kesho yake huna sauti. Wewe uko huko.

Fanya hivi. Pumzika kabisa mpaka sauti ya kuzungumza irudi, na usinong'one kwa nguvu ukidhani unapumzika. Kunong'ona kwa nguvu nako huzikaza. Ukirudi, anza na dakika 10 za kuvumisha sauti mdomo ukiwa umefungwa, kwa noti za katikati. Kisha vuta pumzi hadi tumbo litoke, uitoe kama mtu anayeshusha mzigo: "haaa". Ndani ya pumzi hiyo tafuta mkwaruzo mdogo, wa sauti ya chini kuliko mazungumzo. Ukiupata usiuongezee nguvu. Ukubwa utatoka kwenye maiki. Waanzao wengi hushangaa wakisimama karibu na mngurumaji mzuri, kwa sababu sauti yake halisi si kubwa kama ilivyo kwenye rekodi. Mwezi wa kwanza usizidishe dakika 20 kwa siku, na ugawe mafungu ya dakika tano.

Maji yanywe saa nzima kabla ya mazoezi. Yale unayokunywa katikati ya wimbo hupita njia ya chakula, hayazigusi nyuzi za sauti.

Na huenda kosa si lako peke yako. Waimbaji wengi hujiumiza kwa sababu hawajisikii. Kama spika ya sauti imewekwa sakafuni ikitazama magoti yako, na gitaa mbili zimefunguliwa mpaka mwisho, utapiga kelele hata ukijikataza. Inueni spika hadi usawa wa masikio yako, igeuzeni ikutazame, na gitaa zishushwe mpaka dramu isikike bila kufukuzana nazo. Usifunike kichwa cha maiki kwa kiganja: maiki nyingi za jukwaani husikia mbele tu, ukizifunika huanza kusikia pande zote, spika zinapiga mluzi, fundi anakushusha, nawe unaongeza kelele. Mkwaruzo ukizidi wiki tatu, nenda kwa daktari wa masikio, pua na koo akakuangalie kwa kamera.

SWALI: Tuna gitaa mbili, moja yenye urefu wa uzi wa inchi 25.5 na nyingine fupi kidogo. Tumeshusha nyuzi hadi B tukitumia seti ya kawaida ya 10 (unene wa uzi mwembamba, kwa elfu za inchi), tukanunua pedali ya mkwaruzo ya HM-2 iliyotumika. Tunapata uji mtupu. Ile sauti ya gitaa inayokwaruza kama msumeno, ya deth metali ya Stockholm, inapatikanaje? (Msomaji, Kampala)

JIBU: Mna makosa mawili yaliyokaa juu ya jingine, na la nyuzi ndilo la kwanza kurekebishwa.

Ukishusha uzi uleule kutoka E hadi B, yaani nusu-toni tano, mkazo wake unabaki kama asilimia 56 ya ulivyokuwa. Uzi mnene wa seti ya 10, ule wa 46, unakuwa kamba ya kuanikia nguo: ukiupiga unapanda sauti kwa sekunde moja kisha unashuka, na kwenye mkwaruzo mkubwa kupanda huko na kushuka ndiko kunakotoa uji. Kwa gitaa ya inchi 25.5 weka seti inayoanzia 12 na kuishia karibu 60. Kwa ile fupi, anza na 13 na uishie 62. Mpangilio, kuanzia uzi mnene, ni B, E, A, D, F#, B.

Nyuzi hizo hazitaingia vizuri kwenye mifereji ya kile kipande cha mfupa au plastiki kilicho karibu na vifungio vya juu. Uzi ukibanwa hapo, utasikia "tik" unapokaza, na gitaa haitashika sauti. Mifereji ipanuliwe kwa tupa nyembamba, kidogo kidogo, kwa upana tu. Ukiingia chini zaidi, uzi utagonga freti ya kwanza na kipande kitabidi kubadilishwa.

Kisha angalia shingo. Bonyeza uzi mnene kwenye freti ya kwanza na pale shingo inapokutana na mwili, halafu tazama freti ya saba. Nafasi iwe ya milimita 0.2 hadi 0.3. Ikizidi au ikikosekana, zungusha chuma cha ndani ya shingo robo mzunguko tu, uache hadi kesho, upime tena. Mbao haziharakishwi. Mwisho linganisha freti ya 12: sauti ya kugusa bila kubonyeza dhidi ya sauti ya kubonyeza. Ya kubonyeza ikiwa juu, sogeza tandiko la uzi huo (kile kipande kinachoushika kwenye mwili wa gitaa) nyuma, mbali na shingo. Ikiwa chini, lisogeze mbele.

Sasa pedali. HM-2 ya Boss ilitoka 1983 na kuacha kutengenezwa 1991. Ina vitufe vinne vya kuzungusha: ukubwa, rangi ya chini, rangi ya juu, na mkwaruzo. Vijana wa Stockholm waliokuwa wakirekodi studio ya Sunlight kwa Tomas Skogsberg walivizungusha vyote hadi mwisho, na mpaka leo hiyo ndiyo kanuni. Siri iko kwenye vile viwili vya rangi. Cha chini kinaongeza mawimbi ya karibu Hz 90, na cha juu kinaongeza kwa nguvu sana eneo la karibu Hz 1,000 na kidogo juu yake. Ule uvimbe wa Hz 1,000 ndio meno ya msumeno. Ukikipunguza "ili sauti iwe safi", umeng'oa meno.

Pedali hiyo iingie kwenye amplifaya iliyo safi, au yenye mkwaruzo kidogo sana. Tunadhani hapa ndipo mlipokosea: mkiiweka mbele ya amplifaya ambayo tayari inakwaruza, mikwaruzo miwili inameza mwanzo mkali wa kila pigo la piki na kinachobaki ni mvumo. Pedali ya kuzima kelele iwekwe baada ya HM-2, si kabla, kwa kuwa kelele inazaliwa humo. Na geuzeni mgongo wa pedali yenu. Za zamani zimeandikwa ACA karibu na tundu la umeme; hizo zilitengenezwa kwa adapta ya aina ya zamani ya volti 12, na ukizichomeka kwenye adapta ya kisasa ya volti 9 peke yake zinalegea na taa inafifia. Jaribuni kwanza kwa betri mpya ya volti 9. Sauti ikibadilika, adapta ndiyo yenye kosa. Boss wenyewe wamekwisha kutoa toleo jipya, HM-2W, lenye swichi ya sauti ya zamani na sauti iliyonenepeshwa, nalo halina usumbufu wa adapta.

Mkifika studio, kila gitaa irekodiwe mara mbili kwa kupigwa upya, moja kulia na moja kushoto. Kunakili rekodi moja upande wa pili hakuleti upana. Masikio yanasikia kitu kimoja kilichokaa katikati. Besi nayo itie mkwaruzo wake mdogo, la sivyo msumeno utaimeza na mtabaki mkijiuliza mpiga besi yuko wapi.

Onyo moja: msitafute msumeno huo kwenye Katatonia ya baada ya 2000. Utafuteni kwa Bloodbath, tunayoieleza hapo chini. Kwa sauti ya Katatonia yenyewe, gitaa moja hushika akodi nzito na nyingine hushika noti chache za juu zinazorefushwa na mwangwi. Mwangwi usipokubaliana na mwendo wa wimbo unachafua kila kitu, kwa hiyo upigieni hesabu: gawanya 60,000 kwa mapigo ya dakika moja upate urefu wa pigo kwa milisekunde, au 45,000 kama mnataka robo tatu ya pigo. Wimbo wa mapigo 90 unataka mwangwi wa milisekunde 667 au 500.

SWALI: Tukipiga nyimbo za polepole mpiga dramu wetu hukimbia. Za kasi anaziweza bila shida. Kwa nini? (Msomaji, Moshi)

JIBU: Kwa mapigo 60 kwa dakika kuna sekunde nzima ya ukimya kati ya pigo na pigo, na mkono hauna cha kushika humo. Weka metronomu kwenye 120, kila mlio uhesabu nusu ya pigo, na mguu wake wa kushoto ufuate mlio huo kwenye hai-hati, yale matoazi mawili ya kukanyaga. Apunguze pia mapambo kati ya sehemu na sehemu. Hapo ndipo watu hukimbilia. Kwenye Brave Murder Day Renkse anarudia pigo lilelile kwa dakika nyingi bila kulipamba, na wimbo haudhoofiki, kwa sababu gitaa ndizo zinazotembea.

SWALI: Assalaam aleikum. Nisaidieni kutamka majina yao, nachekwa. Na je, Blackheim ni nani? (Msomaji, Zanzibar)

JIBU: Waaleikum salaam. Å ya Kiswidi husomwa karibu na "o", basi Åkerfeldt ni "Okerfelt". Ö haimo katika Kiswahili: tamka "e" huku midomo umeiviringa kama wa kusema "o", ndipo upate Swanö na Nyström. Y ya Nyström nayo ni "i" ya midomo iliyoviringwa. Blackheim ni Nyström mwenyewe. Ni jina la kisanii alilotumia kwenye rekodi za mwanzo.

SWALI: Kwa nini watu hawakai kwenye bendi hii? Kila albamu sura mpya. Je, ni ugomvi au ni njaa? (Msomaji, Mwanza)

JIBU: Njaa zaidi, na mara nyingi kukosa mtu wa chombo fulani. Fuatilia tu dramu. Renkse alipoamua kusimama mbele aimbe, kiti kikabaki kitupu, na kwenye Tonight's Decision ya 1999 Dan Swanö ndiye aliyekaa kupiga kama mgeni. Hiyo ilikuwa albamu ya kwanza chini ya Peaceville, lebo ya Uingereza iliyowahi kuwa nyumba ya Paradise Lost na My Dying Bride. Kisha akaja Daniel Liljekvist, na kaka wa Fredrik, Mattias Norrman, akachukua besi. Watu watano hao, Renkse, Nyström, Norrman wawili na Liljekvist, ndio waliokaa pamoja muda mrefu kuliko kikosi chochote: Last Fair Deal Gone Down 2001, Viva Emptiness 2003, The Great Cold Distance 2006, Night Is the New Day 2009. Sikiliza hizo nne mfululizo utasikia faida ya watu kuzoeana. Dramu za 2006 zinaingia mahali ambapo mgeni wa kukodiwa hathubutu kuingia.

Ndugu wa Norrman waliondoka 2009. Liljekvist aliondoka 2014, akasema wazi kwamba ana familia na anahitaji kazi yenye kipato cha uhakika. Bendi ilikuwa na umri wa zaidi ya miaka 20 na albamu tisa, inazunguka Ulaya na Marekani, na bado mpiga dramu wake alilazimika kuchagua. Wasomaji wanaotuuliza kama waache kazi kwa ajili ya metali wasome sentensi hiyo mara mbili.

Pengo hilo nalo lilizaa kitu. Mwaka 2013 walikuwa wametoa Dethroned & Uncrowned, nyimbo za albamu ya 2012 zilizovuliwa dramu na gitaa za umeme, kwa fedha ambazo mashabiki walichanga kabla. Kwa hiyo mwaka 2014, wakati kikosi kinabomoka, walikuwa na njia ya kusimama jukwaani bila kelele: walipiga onyesho la kukaa vitini katika kanisa la Union Chapel, London, likatoka 2015 kwa jina Sanctitude. Daniel Moilanen akashika dramu 2015, na mwaka uliofuata akaingia mpiga gitaa Roger Öjersson, aliyetoka Tiamat, bendi nyingine ya Stockholm iliyotembea njia hiyohiyo kutoka deth metali hadi gothiki.

SWALI: Bloodbath ni bendi ya nani hasa? (Msomaji, Goma)

JIBU: Ilianza kama starehe ya marafiki: Renkse kwenye besi, Nyström kwenye gitaa, Åkerfeldt kwenye mngurumo, Swanö kwenye dramu. Nia ilikuwa kupiga deth metali ya ujana wao bila kuigeuza. Rekodi fupi Breeding Death ilitoka 2000, albamu Resurrection Through Carnage 2002. Baadaye Peter Tägtgren wa bendi ya Hypocrisy aliimba, na mwaka 2014 akaingia Nick Holmes wa Paradise Lost, bendi ileile iliyowafundisha Katatonia kupunguza mwendo.

SWALI: Nina fedha ya sahani tatu tu. Ninunue zipi, na nijihadhari na nini? Nimesikia pia kwamba Nyström ametoka. Bado kuna Katatonia ya kununua? (Msomaji, Mombasa)

JIBU: Bendi ipo. Kuondoka kwa Nyström kulitangazwa Machi 2025, na Juni mwaka huohuo ikatoka Nightmares as Extensions of the Waking State kwa lebo ya Napalm, Renkse akiwa mwanzilishi pekee aliyebaki, na wapiga gitaa wapya. Nyström alikuwa ndiye gitaa la bendi tangu siku ya kwanza, kwa hiyo usianzie hapo. Ukiisikiliza hiyo kwanza hutajua kilichoondoka.

Nunua Brave Murder Day, The Great Cold Distance, na ya tatu iwe Last Fair Deal Gone Down kama unapenda gitaa chafu kidogo, au Dead End Kings ya 2012 kama unapenda vinanda na nafasi. Wasomaji wengi watatutukana kwa kuiacha Dance of December Souls. Ni albamu muhimu, lakini si ya mtu mwenye fedha ya sahani tatu.

Kwa Viva Emptiness tazama mwaka ulioandikwa nyuma. Toleo la 2013 lilichanganywa upya, na wimbo wa mwisho, Inside the City of Glass, ambao kwenye toleo la 2003 hauna maneno, umewekewa uimbaji. Ni karibu sahani mbili tofauti, na muuzaji wa mtandaoni mara nyingi huweka picha ya moja akatuma nyingine. Mwombe apige picha mgongo wa jalada kabla ya kulipa. Demo ya 1992 nayo ilitolewa upya kwa CD, na nakala za kwanza huuzwa kwa bei ya kujionyesha; muziki ni uleule.

Na ukiweka ile ya 1996 mara ya kwanza, usiruke wimbo wa tatu kwa kudhani sahani imekosewa kiwandani. Ni Renkse huyo, anaimba.